Simone Signoret hakuzeeshwa na Marilyn

Swali: Mimi ni mwigizaji wa filamu hapa Dar es Salaam, nina miaka 36. Hivi karibuni nilitazama filamu ya Kifaransa iitwayo Le Chat, na yule bibi aliyecheza na mzee Jean Gabin hajanitoka akilini. Nilipomtafuta mtandaoni nikakuta picha za mrembo wa nywele za dhahabu, nikadhani nimekosea jina. Watu wanaandika kwamba alizeeka ghafla baada ya mumewe kutembea na Marilyn Monroe. Ni kweli? Na aliwezaje kuendelea kupata nafasi za maana kwa sura ile, wakati mimi tayari watayarishaji wananiambia nimebaki na nafasi za mama wa bwana harusi? Nianze na filamu zake zipi?

Jibu: Dada, niimalize kwanza hiyo habari ya Marilyn, maana imerudiwa hadi watu hawaiulizi tena. Tarehe zenyewe zinaikataa. Nafasi iliyompa Simone Signoret tuzo ya Oscar ni ya Alice Aisgill katika filamu ya Uingereza, Room at the Top. Alice ni mwanamke wa makamo, ndoa yake imekufa zamani, anampenda kijana mwenye uchu wa kupanda daraja, na kijana huyo anamwacha ili amwoe binti wa tajiri. Filamu hiyo ilipigwa mwaka 1958. Mumewe, Yves Montand, alianza kufanya kazi na Marilyn mwaka 1960. Yaani miaka miwili kabla ya kashfa, akiwa na miaka 37 na sura ambayo ingemwezesha kabisa kukataa, Signoret alishakubali kusimama mbele ya kamera kama mwanamke ambaye ujana unampa kisogo. Hakuna aliyemsukuma. Uamuzi ule ulikuwa wake, na ukitaka kujua ulitoka wapi inabidi turudi nyuma kidogo.

Alizaliwa tarehe 25 Machi 1921 mjini Wiesbaden, Ujerumani, kwa kuwa baba yake alikuwa na jeshi la Ufaransa lililokalia eneo la mto Rhine baada ya Vita Kuu ya Kwanza. Jina lake la ukoo lilikuwa Kaminker. Baba, André Kaminker, Myahudi mwenye asili ya Poland, alikuja kuwa miongoni mwa mabingwa wa mwanzo wa ukalimani wa papo kwa papo. Mwaka 1934 ndiye aliyeitafsiria redio ya Ufaransa hotuba ya Hitler kutoka Nuremberg. Signoret ni jina la mama yake, Georgette. Walikaa Neuilly-sur-Seine, pembezoni mwa Paris, mahali pa watu wenye nafasi zao, na binti alikua akisikia lugha zaidi ya moja nyumbani. Kiingereza chake kilichokuja kumfaa huko mbele hakikuanzia Hollywood.

Vita vya Pili vilipoipiga Ufaransa mwaka 1940, baba alivuka kwenda London kujiunga na Jenerali de Gaulle, kiongozi wa Wafaransa waliokataa kusalimu amri, akamwacha mkewe na watoto watatu, Simone akiwa mkubwa na wadogo zake wawili wa kiume. Wakati huo huo, huko Vannes, Bretagne, Simone alifundishwa historia na mwalimu kijana ambaye baadaye Ufaransa nzima ilimjua kwa jina la Lucie Aubrac, shujaa wa upinzani dhidi ya Wanazi. Kumbuka jina hilo, tutalihitaji. Nyumbani ilibidi mtu alete hela, na Simone akapata kazi ya ukatibu na upigaji chapa katika Les Nouveaux Temps, gazeti la Jean Luchaire lililoshirikiana na Wajerumani. Binti wa Kaminker, kwenye ofisi ile! Alipata kazi kwa sababu alisoma shule moja na binti wa Luchaire. Hakukaa sana. Mwaka 1941 aliacha, akawa anashinda Café de Flore, mtaa wa Saint-Germain-des-Prés, pamoja na wachoraji, washairi na waigizaji wasio na kitu mfukoni, wengi wao wa mrengo wa kushoto. Baadaye aliandika kwamba alizaliwa upya pale, kwenye benchi la mkahawa ule, mwezi Machi mwaka huo.

Kwa sababu ya baba Myahudi hakuweza kupata kibali halali cha kazi ya filamu chini ya sheria za wakati ule. Akachukua jina la mama, akaingia kwa mlango wa nyuma: nafasi za kujaza umati, za kupita mbele ya kamera bila neno. Ukitazama Les Visiteurs du soir ya Marcel Carné ya mwaka 1942, yumo humo, na usipoambiwa humwoni. Hakupita chuo kikubwa chochote cha uigizaji. Alijifunza kwenye seti, akisimama na kusubiri.

Baada ya vita milango ilifunguka, ila iliyofunguka ilikuwa ya aina moja tu. Dédée d'Anvers, 1948: kahaba wa bandarini. La Ronde ya Max Ophüls, 1950: kahaba tena. Manèges, mwaka huo huo: mke laghai anayemfilisi mumewe. Dédée na Manèges ziliongozwa na Yves Allégret, mume wake wa kwanza, aliyezaa naye binti, Catherine, mwaka 1946. Unayalalamikia ya mama wa bwana harusi, na una haki. Lakini fahamu kwamba huyu alipokuwa na miaka 27, mrembo kuliko wote waliokuwa kwenye chumba, naye alishafungiwa kwenye kisanduku. Alichofanya ni kucheza kila kahaba kama mtu mwenye akili. Dédée haombi huruma; anaitazama dunia kama mtu anayepiga hesabu, na ghafla kukitokea tumaini unaliona usoni kabla hajasema lolote.

Agosti 1949, katika hoteli ya La Colombe d'Or huko Saint-Paul-de-Vence, alikutana na Montand, mwimbaji, mtoto wa wahamiaji wa Kiitalia aliyekulia Marseille. Aliacha ndoa yake, na Desemba 1951 wakaoana papo hapo kijijini. Kuanzia hapo kuna jambo ambalo watu wa kizazi chetu wanalielewa kwa shida. Kwa miaka mingi alikataa kazi ili afuatane na mumewe kwenye ziara zake za muziki. Hakuwa akijitoa mhanga, angalau yeye hakulisema hivyo. Alipenda kukaa nyuma ya pazia akimsikiliza mtu anayempenda akiimba. Ukihesabu filamu zake za miaka ya 1950 utazikuta chache mno kwa mwanamke mwenye jina kubwa vile.

Hata Casque d'or nusura imponyoke. Upigaji picha ulipokaribia, alitaka kujitoa asiachane na Montand. Mwongozaji, Jacques Becker, hakugombana wala kubembeleza. Alimwambia anamwelewa, mapenzi ni kitu cha thamani, basi atamtafuta mwingine. Signoret akapanda treni iliyofuata. Afadhali alivyofanya hivyo. Filamu yenyewe ya 1952 inahusu wahuni wa Paris mwanzoni mwa karne ya 20, na yeye ni Marie, mwenye nywele zilizofungwa juu kama kofia ya dhahabu. Tazama dansi ya mwanzo kando ya mto. Marie anacheza waltz na bwana wake wa wakati huo, wanazunguka na kuzunguka, na kila mzunguko unapomleta upande wa kamera macho yake yameshamrudia seremala aliyesimama pembeni. Mwili uko kwa huyu, macho yako kwa yule, na hakuna hata neno moja. Hapo hadithi nzima imeshaanza na hatima ya watu watatu imeshaamuliwa.

Paris haikuipenda filamu ile mwanzoni. Waingereza ndio walioishangilia, wakampa tuzo yao ya mwigizaji bora wa kike kutoka nje. Na huko Marekani, msichana mmoja mweusi mpiga piano, Eunice Waymon, alipoanza kuimba baa mwaka 1954 na hakutaka mama yake mlokole ajue, alijitafutia jina la kazi: Nina, na Simone kutoka kwa Simone Signoret. Kwa hiyo kila ukimsikia Nina Simone, huyu mama yumo ndani yake.

Nipite haraka kwenye Thérèse Raquin ya 1953, ingawa ni nzuri. Les Diaboliques ya 1955 sitaipita haraka, kwa sababu moja ya kisanii na moja ya mkataba. Ya kisanii: amekata nywele, anavaa miwani myeusi, anaongea kwa ukali kama mwalimu mkuu wa zamu, na ubaridi wake ndio unaotia hofu wakati yeye na mke wa mwalimu mkuu wanamzamisha mtu kwenye bafu. Ya mkataba: alisaini kwa wiki 8, mwongozaji Henri-Georges Clouzot akapiga picha kwa wiki 16, na Signoret akalipwa wiki 8 tu, kwa kuwa hakuyasoma maandishi madogo ya mkataba. Dada, nimekutana na waigizaji wetu wengi waliosaini karatasi juu ya boneti ya gari. Soma mkataba wako hadi mwisho, na usiporidhika nao mpe mwanasheria.

Sasa siasa, kwa sababu bila siasa huwezi kuuelewa uso ule. Yeye na Montand walikuwa karibu na wakomunisti, ingawa hawakuwa na kadi ya chama. Walisaini wito wa Stockholm wa mwaka 1950 dhidi ya silaha za nyuklia. Matokeo yake Marekani iliwanyima viza kwa miaka, na ndiyo maana Hollywood haikumpata akiwa na miaka 30. Mwishoni mwa 1954 walicheza jukwaani Paris tamthilia ya Arthur Miller kuhusu wachawi wa Salem, iliyokuwa inawapiga kijembe waliokuwa wakiwasaka wakomunisti Marekani. Kisha Novemba 1956 vifaru vya Kisovieti vikaingia Budapest, na Montand alikuwa tayari ana ziara ya Moscow mkononi. Walikwenda. Upande wa kulia uliwazomea kwa kwenda, na marafiki kadhaa wa kushoto hawakuwaelewa. Huko Moscow, Khrushchev, kiongozi wa Usovieti, na wakuu wenzake waliwakaribisha mezani, na wawili hawa wakamuuliza uso kwa uso kuhusu Hungaria. Walirudi nyumbani wakiwa wamevunjika moyo.

Mwaka 1960 alisaini Tamko la watu 121, lililotetea haki ya vijana wa Ufaransa kukataa kwenda kupigana Algeria. Serikali ikawapiga marufuku waliosaini kwenye redio na televisheni ya taifa. Alikuwa ndio kwanza ametoka kuchukua Oscar mwezi Aprili. Mtu mwingine angeilinda nyota ile kwa mikono miwili.

Tuirudie hiyo Oscar. Katika riwaya iliyozaa Room at the Top, Alice ni Mwingereza. Kwenye filamu wakamfanya Mfaransa ili Signoret aweze kuicheza, na lafudhi yake ikawa sehemu ya upweke wa Alice katika mji ule wa viwanda wa Yorkshire. Ninachokupendekezea ukiangalie ni jinsi anavyokaa. Alice hakai kama mrembo anayejua anatazamwa. Anakaa kama mtu aliyechoka na aliyefurahi kwa wakati mmoja, mabega yameshuka, sigara mkononi, na anapocheka mikunjo ya macho inaonekana na hakuna aliyeisawazisha kwa mwanga. Mwongozaji Jack Clayton alimwacha hivyo. Filamu ile ilimpa tuzo ya mwigizaji bora wa kike kwenye tamasha la filamu la Cannes 1959, tuzo ya Uingereza, na hatimaye Oscar, akiwashinda Audrey Hepburn, Katharine Hepburn, Elizabeth Taylor na Doris Day usiku mmoja. Mwanamke wa miaka 39, mwenye lafudhi, katika filamu ndogo ya Uingereza.

Na ndio usiku huo huo mambo ya Marilyn yalikuwa yanaiva. Sikatai kwamba yalitokea. Viza ilikuwa imepatikana, Montand alikuwa anapiga filamu Let's Make Love, na wanandoa hao walikaa Beverly Hills Hotel mlango kwa mlango na Marilyn na mumewe, ambaye ni huyo huyo Arthur Miller. Signoret amesimulia kwamba kila Jumamosi bibi mmoja mzee aliyewahi kumpaka rangi nywele Jean Harlow, nyota wa Hollywood wa miaka ya 1930, alisafiri kutoka San Diego kuja kuwahudumia Marilyn na yeye, jikoni, huku wakipiga soga na kula. Baadaye Signoret alikwenda Italia kupiga filamu, Miller naye akasafiri, waliobaki wakafanya waliyofanya, na magazeti ya dunia yakapata mlo. Hakumwacha mume. Hakumtukana Marilyn, si wakati ule wala baada ya Marilyn kufa 1962. Kwenye kitabu chake anasikitika kwamba mwenzake hakuwahi kujua kuwa hakumchukia. Kwamba iliuma, nani atabisha. Alivuta sigara na kunywa kwa wingi, na mwili hausahau. Lakini kusema uso ule ni kazi ya Marilyn ni kumnyang'anya mwanamke uamuzi wake na kuukabidhi kwa mume. Yeye mwenyewe alieleza kwa maneno machache: amezeeka kama wanavyozeeka wanawake ambao si waigizaji.

Katika kazi yetu kuna wanaoacha kuwa makini na sura, kisha kazi zinakauka. Yeye hakuwa hivyo. Aliacha kuificha sura, akaanza kuitumia, na hilo lina nidhamu kuliko upasuaji.

Haikuwa njia iliyonyooka. Miaka ya 1960 ilikuwa na mabonde. Alipata uteuzi wa pili wa Oscar kwa Ship of Fools ya 1965, sawa, lakini mwaka 1966 alikubali kucheza Lady Macbeth jukwaani Royal Court, London, kwa Kiingereza cha Shakespeare, pamoja na Alec Guinness. Wakosoaji walimchana. Kiingereza chake kizuri cha mazungumzo hakikutosha kuibeba mizani ya ushairi ule, na yeye baadaye hakulificha hilo.

Kisha 1969 akaja Mathilde. L'Armée des ombres ya Jean-Pierre Melville inahusu wapinzani wa siri wakati Ufaransa imekaliwa na Wajerumani, na Mathilde ndiye mpangaji wao hodari: leo muuguzi, kesho mama wa mtaani, kesho kutwa mtu mwingine. Kosa lake ni moja, anatembea na picha ya binti yake ndani ya mkoba. Wajerumani wanamkamata, wanaiona picha, wanamtishia kwa huyo binti. Wanamwachia, na wenzake wanaamua lazima afe. Kwenye tukio la mwisho anatembea barabarani, gari linamkaribia, anageuka na kuwaona waliomo ndani. Macho yanafunguka. Ni mshangao? Ni ruhusa? Ni kuwalaumu? Nimeirudia picha ile darasani mara nyingi na wanafunzi hawajawahi kukubaliana. Mwigizaji mdogo angechagua jibu moja. Yeye alikuwa na baba aliyekwenda London, mwalimu wa historia aliyekuwa shujaa, na kiti chake mwenyewe katika ofisi ya gazeti la wasaliti. Alijua kwamba wakati ule mtu mmoja angeweza kubeba mambo yote hayo, akayaacha yote usoni. Mwaka uliofuata alicheza na mumewe katika L'Aveu ya Costa-Gavras, kuhusu kesi za uongo za wakomunisti wa Prague mwaka 1952, na safari hii matusi yalitoka kwa wale wa kushoto.

Tumefika kwenye Le Chat yako. Ni ya 1971. Yeye alikuwa na miaka 50, Gabin 67. Ngoja nikuonyeshe kilichokunasa. Nyumba yao iko Courbevoie, mtaa mzima unabomolewa kuizunguka, na wao wameacha kusemezana baada ya mke kumwua paka wa mume. Mume anaandika neno kwenye kikaratasi, anakikunja, anakirusha kwa kidole hadi mapajani mwake. Mke anakifungua. Kila mara anakifungua kwa namna tofauti kidogo: kwa hasira, kwa kuchoka, na safari nyingine kwa haraka ambayo ni karibu na tumaini, maana hata tusi ni barua. Kumbuka pia kwamba mhusika huyo, Clémence, zamani alikuwa mwanasarakasi na sasa anachechemea. Signoret hakuicheza miguu mibovu; alicheza mwanamke ambaye miguu yake iliwahi kuruka. Tamasha la filamu la Berlin liliwapa wote wawili tuzo ya Dubu wa Fedha.

Mwaka huo huo, na mwongozaji yule yule, Pierre Granier-Deferre, alipiga La Veuve Couderc: mjane wa shambani anayemwajiri mtoro wa gerezani, Alain Delon, mwanamume aliyesifiwa kwa uzuri kuliko wote Ufaransa wakati ule na mdogo wake kwa miaka zaidi ya 10. Wanakutana kwa sababu mjane anahangaika na mashine ya kuangulia vifaranga na kijana anamsaidia kuibeba. Wanakuwa wapenzi, na hadhira haicheki. Halafu kijana anaanza kuvuka mfereji kumfuata binti wa wifi yake, na mjane anabaki anatazama. Hakuna anayeombwa kumwona mrembo, na bado tunaelewa kabisa kwa nini kijana alikaa.

Swali lako la pili, aliwezaje? Sehemu ni ujasiri wake, na nimeshausema. Sehemu ni kwamba hakuonekana kila wiki alipokuwa kijana, hivyo watazamaji hawakuwa na sura moja ya kumdai. Lakini nisikudanganye kwamba ujasiri peke yake unalipa kodi ya nyumba. Ilibidi kuwe na hadithi. Le Chat na La Veuve Couderc zote zimetoka kwenye riwaya za Georges Simenon, na L'Étoile du Nord ya 1982 pia. Kulikuwa na mwandishi aliyewaona wanawake wa miaka 50 kama watu wenye tamaa, wivu na njama, na kulikuwa na watayarishaji waliosoma riwaya. Huku kwetu muswada unaandikwa wiki moja kabla ya kamera kuwashwa, na mwanamke aliyepita 35 anaandikiwa machozi na kitenge. Ukitaka kubishana na watayarishaji wako, usiwabishie kuhusu sura yako. Wapelekee hadithi. Riwaya zetu zina wajane, wakunga, wafanyabiashara wa vitumbua na wake wenza ambao hakuna aliyewahi kuwapiga picha sawasawa.

Kilele cha njia hiyo ni Madame Rosa, katika La Vie devant soi ya Moshé Mizrahi, 1977. Kahaba mstaafu, Myahudi aliyenusurika Auschwitz, analea watoto wa makahaba wengine huko Belleville, mtaa wa Paris wa wahamiaji wa kila rangi, na kati ya watoto hao ni Momo, kijana Mwarabu. Nyumba iko ghorofa ya sita, hakuna lifti, na ngazi zile zinamwua polepole tangu mwanzo wa filamu. Alikuwa na miaka 56 tu. Amejaza fremu kwa mwili mzito, rangi ya midomo imevuka mpaka, nywele zimesimama, na anapotishika anageuka kuwa msichana aliyesikia mlango unagongwa usiku. Wale makahaba warembo wa 1948 na 1950 wamezeeka hapa mbele yako, na nadhani alijua anachofanya. Alipewa César, tuzo kuu ya filamu ya Ufaransa, ya mwigizaji bora wa kike, na filamu ikachukua Oscar ya filamu bora ya lugha ya kigeni.

Mwaka mmoja kabla alikuwa ametoa kumbukumbu zake, na mwanzoni mwa 1985 akatoa riwaya kubwa, Adieu Volodia, kuhusu familia za Wayahudi waliohamia Paris kutoka Ukraine na Poland. Iliuzwa sana. Macho yalikuwa yanamwishia, kansa ya kongosho imeshamwingia, na bado alipiga filamu moja ya televisheni. Alifariki tarehe 30 Septemba 1985 katika nyumba yao ya Autheuil, Normandie, akiwa na miaka 64. Amezikwa Père-Lachaise, na Montand aliwekwa kando yake mwaka 1991.

Uanze wapi? Usianze na Casque d'or, hata kama kila orodha itakuambia hivyo. Utaishia kuulilia ujana. Anza na Room at the Top, umwone akiwa na umri wako au karibu nao, akiamua. Kisha L'Armée des ombres, halafu La Vie devant soi. Le Chat uirudie ya nne, sasa ukitazama mikono yake na vile vikaratasi. Casque d'or iwe ya mwisho. Itazame bila tafsiri chini ya picha, hata kama Kifaransa hukijui, na simamisha kwenye ile dansi: hesabu mara ngapi anamtazama seremala, na kila mara kuna nini kipya. Ukipata zaidi ya nilivyopata mimi, niandikie.